Luizi: Duara Peke Yake Halitoshi

Kwenye picha ya setilaiti ya uwanda wa Kundelungu, Katanga, duara la Luizi halijifichi: lina upana wa kilomita 17 hivi. Hata hivyo, lilithibitishwa kuwa kovu la kimondo mwaka 2011 tu, baada ya watafiti kufika na kuyachunguza mawe yenyewe. Je, huo ni uangalifu au ukaidi?

Wanaodai mawe kwanza wana hoja nzito. Richat, kule Mauritania, ni duara la kilomita 40 hivi lililowahi kudhaniwa kuwa kovu la kimondo. Kumbe ni miamba iliyosukumwa juu kutoka chini, kisha ikamomonyoka. Ngorongoro nayo ni volkeno iliyoporomoka. Jiwe lililogongwa lina alama zake. Koni za mshtuko zina mistari inayotawanyika kutoka nchani kama njiti za ufagio. Ndani ya punje za madini ya kwatzi, hadubini huonyesha tabaka nyembamba sambamba, zinazotokea mgandamizo ukifikia gigapaskali 10 hivi au zaidi, yaani takriban mara laki moja ya kanieneo ya hewa. Volkeno haifiki huko.

Lakini hata mawe hubishiwa. Vredefort, kovu lililoko Afrika Kusini, ina umri wa miaka bilioni 2 hivi, na koni zake zilikwisha kuelezwa tangu 1961. Bado wapo waliong'ang'ania kwamba ni mlipuko wa gesi kutoka chini ya ardhi, hata baada ya koesaiti na stishovaiti, madini yanayotokea kwa mgandamizo mkubwa mno, kupatikana humo. Mwaka 1996 alama za kikemikali za kimondo chenyewe zikatambuliwa ndani ya miamba iliyoyeyuka. Upinzani huo ulichosha, ila kwa maoni yangu ndio uliolazimisha vipimo bora.

Upande wa pili, wa wanaoona sharti la mawe kwanza ni ukaidi, nao usipuuzwe. Kati ya makovu 200 hivi yaliyothibitishwa duniani, Afrika ina takriban 20, ilhali ina moja ya tano ya nchi kavu yote, na sehemu kubwa ya miamba yake ni ya kale mno. Vimondo havichagui bara. Wapimaji, pesa za safari na usalama ndivyo vinavyopungua. Kwa hiyo sharti libaki palepale, lakini maduara yanayoshukiwa yaorodheshwe wazi, na wanafunzi wa jiolojia wa Lubumbashi wafundishwe kuitambua koni ya mshtuko. Hiyo huonekana kwa macho matupu; hadubini itafuata.