Wenye njia ndio wa kubanwa

Mjadala wa vyombo vya habari hapa Tanzania mara nyingi huishia kwenye nani kasema nini: chaneli gani ya YouTube haina leseni, mtangazaji gani kavuka mpaka. Mimi naona kuna swali zito zaidi ambalo hatuliulizi vya kutosha. Picha inapita mikononi mwa nani kabla ya kufika sebuleni, na huyo anayeipitisha anabanwa na sheria gani?

Tuanze na mtambo. Enzi za analojia kila kituo kilikuwa na mtambo wake na masafa yake. Ukisimika antena juu ya mti na kuizungusha mpaka chenga zikaisha, umemaliza, huna deni na mtu. Dijitali ilivunja mpango huo. Masafa yaliyobeba chaneli moja sasa yanabeba kumi na zaidi, hivyo kituo hakirushi tena chenyewe. Kinapeleka matangazo yake kwa msambazaji, naye anayarusha pamoja na ya wenzake. Tanzania ikatenganisha leseni ya maudhui na leseni ya usambazaji, na usambazaji wa mitambo ya ardhini ukaenda kwa kampuni tatu: Star Media, ambayo ni ubia wa shirika la utangazaji la taifa, TBC, na StarTimes ya China, Agape Associates wenye king'amuzi cha Ting, na Basic Transmissions wenye cha Continental. Tarehe 31 Desemba 2012 analojia ikazimwa Dar es Salaam, mapema kabisa kabla ya ukomo wa 17 Juni 2015 ambao nchi zilikubaliana Geneva mwaka 2006. Afrika Kusini, pamoja na utajiri wake wote, mpaka Machi 2025 ilikuwa bado mahakamani ikibishana kuhusu tarehe ya kuzima. Kwa hilo tulifanya kazi ya kujivunia.

Lakini siku ile tulimzaa mlinda mlango mpya, na sheria haijamtazama machoni mpaka leo.

Mkumbuke Agosti 2018. Leseni za ving'amuzi vya satelaiti vya kulipia hazikuruhusu kubeba chaneli za ndani zinazotakiwa kutazamwa bure, na TCRA, mamlaka inayodhibiti mawasiliano nchini, ikasimamia hilo. ITV, Channel Ten, Clouds, Star TV na EATV zikatoweka kwenye DStv, Azam na Zuku. Hoja ya mdhibiti ilikuwa na msingi: si haki kifurushi kikiisha taarifa ya habari nayo ikatike, maana hiyo ni kumuuzia mwananchi kitu ambacho ni chake. Ila aliyeumia ni mtazamaji. Nyumba zikaanza kuwa na ving'amuzi viwili, rimoti mbili, na ugomvi wa nani kabadilisha waya. Na kule ambako mawimbi ya mitambo ya ardhini hayafiki, dishi ndilo lilikuwa tegemeo pekee. Kama chaneli hizo zingebaki kwenye dishi, kwa sharti la kuwa wazi muda wote hata kifurushi kikiisha, mwananchi angelindwa na msambazaji angebanwa. Kuziondoa kuliacha nguvu ya msambazaji palepale.

Wakenya walipigana vita hiyo hiyo kwa sauti kubwa zaidi. Royal Media, Nation na Standard waligoma kukabidhi matangazo yao kwa wasambazaji waliopewa leseni, yaani Signet ya KBC, shirika la utangazaji la taifa la Kenya, na kampuni ya Kichina ya PANG, wakataka warushe wenyewe. Kesi ikapanda mpaka Mahakama ya Juu, ambayo Septemba 2014 iliona kwamba msambazaji anayelazimishwa na kanuni kubeba chaneli za bure haibi hakimiliki ya mtu. Februari 2015 mitambo ya analojia ikazimwa, na Citizen, NTV, KTN na QTV zikawa giza mpaka mwanzoni mwa Machi. Wengi waliwaona wenye vituo kama matajiri wanaolinda faida zao, na faida kweli ilikuwemo. Hofu yao ya kumtegemea mwenye mtambo, hata hivyo, haikuwa ya kubuni. Tarehe 30 Januari 2018 serikali ilizima Citizen, NTV na KTN siku kiongozi wa upinzani Raila Odinga alipokula kiapo cha "rais wa wananchi" Uhuru Park. Watu wakahamia YouTube, wakaendelea kutazama. Juni 25, 2025, siku ya maandamano, NTV na KTN zikakatwa tena, na mahakama ikaamuru zirudishwe.

Kuna wanaotoa matukio hayo kama ushahidi kwamba intaneti imemaliza tatizo. Sikubaliani nao. Intaneti nayo ina wenye njia: muuza bando, mwenye programu, mwenye haki za mpira. Na wakati mwingine wote hao ni nyumba moja.

Chukueni mpira wa miguu, maana ndio unaouza ving'amuzi nchi hii. Mwaka 2021 Azam Media ilisaini na TFF mkataba wa miaka 10 wa haki za televisheni za Ligi Kuu, wenye thamani ya shilingi bilioni 225.6. Fedha hizo zimeiinua ligi. Klabu zilizokuwa zinaomba nauli sasa zina kitu cha uhakika, na ubora wa picha unaonekana. Napongeza kwa moyo wote. Lakini kundi hilo hilo lina chaneli, lina king'amuzi, lina programu ya simu, na mwaka 2018 kampuni dada, Azam Telecom, ilikuwa miongoni mwa washindi wa mnada wa masafa ya megahezi 700, yale yaliyoachwa na televisheni za analojia. Sisemi wamevunja sheria. Nasema sheria inasoma kila leseni kivyake, na hakuna anayeketi kuzisoma zote kwa pamoja na kuuliza: kituo kidogo cha mkoani kitapita wapi kikinyimwa njia moja?

Wenzetu Uingereza, ambao waliunda Ofcom, mdhibiti wao wa mawasiliano, kwa sheria ya 2002, mwaka mmoja kabla ya sheria ya TCRA kupitishwa, wana orodha ya michezo ambayo lazima ionekane kwenye chaneli za bure, fainali ya Kombe la Dunia ikiwemo. Sioni kwa nini mechi za Taifa Stars na za watani wa Kariakoo, Simba na Yanga, zisiwe na ulinzi wa namna hiyo, hata kama chaneli ya bure itaonyesha kwa kuchelewa kidogo. Leo asiye na kifurushi anakwenda kibanda umiza, analipa mlangoni, anasimama dakika 90. Timu ya taifa ni yake kama ilivyo ya mwenye dishi.

Sheria yao ya 2024 imekwenda mbele zaidi: smart TV zinatakiwa kuziweka programu za vituo vya umma mahali pa kuonekana kwa urahisi. Angalieni rimoti ya smart TV yoyote inayouzwa Kariakoo. Kuna kitufe cha Netflix, kuna cha YouTube. TBC uitafute mwenyewe.

Na sisi nguvu zetu tulizipeleka wapi? Kanuni za maudhui ya mtandaoni za 2018 zilimtaka mwenye blogu alipe shilingi milioni moja ya leseni na milioni nyingine kila mwaka. Baadaye zimelegezwa, na ni vizuri, lakini mwelekeo ulishajionyesha. Kijana mwenye simu moja na stendi ya kamera alihesabiwa kama kituo cha televisheni, wakati anayeamua chaneli gani ikae namba ngapi kwenye king'amuzi hakubanwa kwa uzito ule ule.

TCRA ina uwezo wa kiufundi, na ilikuwa ya mapema Afrika kuanzisha leseni za muingiliano, yaani mfumo mmoja wa leseni kwa simu, intaneti na utangazaji. Tume ya Ushindani nayo ipo. Nataka taasisi hizi mbili zikae pamoja, zipime soko zima, mtambo, dishi, bando na haki za michezo, na zitoe ripoti ambayo mtu yeyote anaweza kuisoma. Zianze na jambo moja tu: bei anayotozwa mwenye kituo ili chaneli yake ibebwe, itangazwe hadharani, kwa kila msambazaji, mkoa kwa mkoa.