Simba na kamba za mwani

Nyumbani kwa ami yangu Jambiani, Zanzibar, kuna mbwa, Simba, aliyeletwa kulinda banda la mwani. Alifungwa kwenye mnazi kwa mnyororo wa hatua tatu, na hapo ndipo alipokaa, usiku na mchana. Akaanza kula ndara ya mtoto. Ikafuata sponji ya godoro bovu. Mwisho akageukia taitai, vile vijikamba vya kufungia mbegu za mwani.

Ami akasema ni uroho. Jirani akasema mbwa karogwa. Mimi nasema, na popote nitalirudia: Simba alichoshwa na kukaa bure.

Siku aliyosusa chakula nilikuwepo. Alitapika povu la manjano, akasimama mgongo ameukunja, ukimgusa tumbo analia. Daktari wa mifugo aliyempasua alitueleza kwamba kamba ni hatari sana: ncha moja ikinasa, utumbo hujikusanya juu yake kama marinda kwenye uzi, kisha kamba inaukata kidogo kidogo. Akatuonya kuwa tukiiona inachungulia nyuma ya mbwa, tusiivute kabisa. Alichokitoa kilijaa kiganja: taitai na usumba vimesokotana, vyeusi, vigumu.

Mimi ni Mwislamu, na kuosha kilicholambwa na mbwa mara saba, moja kwa udongo, nakujua. Lakini ruhusa tuliyonayo ni ya mbwa wa ulinzi, wa mifugo na wa kusasia (kuwinda), yaani mbwa mwenye kazi. Mbwa wa wasasi hushinda msituni pua iko chini, miguu inakwenda. Huyu wetu tumemfanya kufuli la mlangoni, halafu tunashangaa akitafuta cha kutafuna! Na kwenye chuo cha Kurani tunawasimulia watoto habari ya yule aliyeshuka kisimani akamnywesha mbwa mwenye kiu kwa kiatu chake, akasamehewa.

Kweli, si kila anayetafuna amechoka kukaa. Mtoto wa mbwa anaota meno. Minyoo, au upungufu wa damu unaoletwa na kupe, humfanya mbwa ale udongo. Na aliyebadilika ghafla, akang'ata mawe na miti huku udenda unamtoka, usimsogelee. Huenda ni kichaa cha mbwa, wahi kutoa taarifa.

Fimbo haikumsaidia Simba, alipigwa sana. Sasa ami amefunga waya kati ya minazi miwili, mnyororo unateleza juu yake, mbwa anakwenda na kurudi. Baada ya sala ya alfajiri binamu yangu humtoa pwani akimbie. Jioni vipande vya muhogo na dagaa hufichwa kwenye nyufa za ukuta wa mawe, naye huvisaka kimoja kimoja, mkia haukai. Taitai zimepandishwa darini. Ndara za watoto bado zimetapakaa uani, karibu naye kabisa, na hazigusi.