Latke Hazitaki Unga, Zinataka Kukamuliwa

Latke ni vichapati vya Kiyahudi vya viazi vilivyokwaruzwa, vinavyokaangwa kwenye mafuta. Nimekula nyingi zilizolegea kama chapati za maji, na kila nilipouliza zimepikwaje nilijibiwa vilevile: viazi, mayai, na unga wa kutosha ili zishikane. Unga huo ndio unaoziharibu. Kiazi kina cha kujishikia chake chenyewe, sisi tunakimwaga kwenye sinki halafu tunakwenda kukitafuta kwenye pakiti.

Nilifundishwa Brooklyn, New York, jikoni kwa jirani yangu, mama mtu mzima wa Kiyahudi ambaye wazee wake walitoka Lithuania. Jioni moja ya Hanuka, sikukuu ya Kiyahudi, alinipa kitambaa safi na bakuli la viazi vilivyokwaruzwa, akaniambia nikamue. Nikakamua kama nilivyozoea kukamua nazi nyumbani. Akashika, akanirudishia: bado. Nikakamua tena. Bado. Mara ya tatu vidole vilikuwa vinauma, na ndipo aliporidhika.

Tofauti na nazi ni kwamba huku tunachokihitaji ni chicha. Lakini hata maji yake usiyamwage upesi. Yaache yatulie kwenye bakuli kama dakika 10, kisha yamimine taratibu. Chini utakuta wanga mweupe, mzito, umeshikamana na bakuli. Ukwangue wote, uurudishe kwenye viazi. Huo ndio unga wa latke, na mimi siongezi mwingine.

Nasisitiza kukamua kwa sababu maji hayapandi joto zaidi ya nyuzi 100. Yanageuka mvuke tu. Kiazi kikiwa na maji mengi, kinachemka ndani ya mafuta. Rangi ya dhahabu na ule ukavu unaolia mdomoni havianzi mpaka maji ya juu yaishe, na wakati huo latke imeshanyonya mafuta na kulegea.

Kwa kilo 1 ya viazi natumia kitunguu kimoja kikubwa na mayai mawili. Chagua viazi vyenye wanga mwingi, vile vinavyopasuka na kuwa ungaunga vikichemshwa. Kwa Wamarekani ni russet. Vile vichanga vyenye maji viache kwa mchuzi. Kwaruza kwa matundu makubwa, na kitunguu ukikwaruze humohumo, maana kinachelewesha viazi kubadilika rangi. Chumvi tia mwishoni kabisa, kikaango kikiwa tayari motoni, kwa sababu inavuta maji yaliyobaki.

Mafuta yawe na kina cha nusu sentimita hivi, na yawe ya moto kweli: dondosha uzi mmoja wa kiazi, ukichemka papo hapo kwa kelele, anza. Chota kijiko, bandika, bana iwe nyembamba. Usiihangaikie iwe duara. Zile nyuzi zinazochomoza pembeni ndizo zinazokauka vizuri kuliko zote. Dakika 3 au 4 kila upande, na usijaze kikaango, mafuta yatapoa.

Kuna watu wanaozioka kwenye oveni ili kukwepa mafuta. Sikubaliani nao, kwa sababu mafuta ndiyo kiini cha jambo lenyewe. Hanuka inakumbuka Wamakabayo, wapiganaji wa Kiyahudi, walipolitakasa upya Hekalu la Yerusalemu mwaka 164 kabla ya Kristo, na Talmudi, kitabu cha mafundisho ya marabi, inasimulia kichupa cha mafuta ya siku moja kilichowaka siku 8. Kiazi ni mgeni katika habari hii. Kilitoka milima ya Andes, na kwa Wayahudi wa Ulaya Mashariki kilikuja kuwa chakula cha kila siku katika karne ya 19. Hata neno lenyewe latke, la Kiyidi, lugha ya Wayahudi wa Ulaya Mashariki, limepitia lugha za Kislavoni na mzizi wake unarudi kwenye neno la Kigiriki la mafuta ya zeituni.

Zeituni haioti kwenye baridi ya Lithuania, basi walikaangia mafuta ya bata bukini. Na kwa kuwa sheria ya chakula ya Kiyahudi haiwaruhusu kuchanganya nyama na maziwa, latke ya mafuta ya bukini haikuweza kuliwa na malai chachu. Ikaliwa na matofaa yaliyopondwa. Leo wengi wanatumia mafuta ya mimea, kwa hiyo uchaguzi ni wako. Mimi nachukua matofaa. Utamu wake wenye uchachu kidogo unakata mafuta vizuri.

Zikiiva, ziweke juu ya waya, hewa ipite chini. Na tafadhali, kwa tulivyozoea majumbani kwetu, usizitie kwenye hotpoti kusubiri wageni. Mvuke utazilegeza kwa dakika 5 tu. Waite wageni jikoni, wale zikitoka.