Usiku Jon Stewart alipokataa kuchekesha

Juzi nilimwonyesha rafiki yangu kipindi cha The Daily Show cha tarehe 18 Juni 2015, kile cha televisheni ya Marekani ambacho Jon Stewart alikuwa akichekesha watu kwa habari za siku. Akatazama dakika mbili, akanirudishia simu: "Mchekeshaji asiyechekesha kalipwa bure." Iliniuma, na bado inaniuma.

Usiku uliotangulia, Charleston, South Carolina, watu weusi tisa waliuawa ndani ya kanisa la Emanuel wakiwa kwenye funzo la Biblia. Muuaji, kijana Mzungu, walimkaribisha wenyewe, wakakaa naye karibu saa nzima, ndipo akatoa bastola. Mchungaji wao, Clementa Pinckney, naye alikufa. Kichekesho kingeanzia wapi hapo?

Rafiki yangu akanikumbusha watani. Kweli, bibi yangu alizikwa huku watani wakiigiza mwendo wake, na sisi wafiwa tukacheka machozi yakitutoka. Lakini mtani ana haki yake msibani, amerithi kwa wazee. Stewart ni Mzungu wa Marekani. Kwa wafiwa wale hakuwa mtani, alikuwa mtu wa upande unaodaiwa majibu. Akalijua hilo. Akasema hana utani wa kutoa, kisha akawageukia wenzake: wageni wakiua Wamarekani, Marekani inavamia mataifa mawili na kumwaga matrilioni ya dola, Wamarekani wakiuana, basi, wanasema ndiyo dunia. Akataja barabara za jimbo lile zinazoitwa kwa majina ya majenerali waliopigania utumwa, na watu weusi wanapita humo kila siku. Kicheko kingewapumzisha waliokuwa wakimsikiliza. Ukishacheka unajiona umeshatoa mchango wako, unalala. Yeye alikuwa kwenye meza ile tangu 1999, aliwafahamu watazamaji wake, na usiku ule akawanyima usingizi huo.

Nakubali, kwa shingo upande, kwamba alipotabiri hakuna litakalofanyika alikosea kidogo. Bendera ya majeshi ya watetezi wa utumwa ilishushwa kwenye viwanja vya bunge la jimbo tarehe 10 Julai. Bendera tu.

Wanaosambaza kipande kile hukata mwisho, wakamwacha mgeni wa usiku ule. Alikuwa Malala Yousafzai, binti aliyepigwa risasi kichwani mwaka 2012 akitoka shule. Stewart alisema hakuna mtu mwingine duniani ambaye angependa zaidi kuzungumza naye usiku huo. Rafiki yangu hakufika hapo. Nimemtumia tena jana, kipindi kizima.