Babu Aliyeniogopa Asahikawa

Kijapani nilijifunzia Tokyo, kwa mwalimu aliyetamka kila neno taratibu kama anayehesabu fedha zake mwenyewe. Nikafaulu mtihani, nikavimba kichwa. Kisha masomo yakanipeleka Asahikawa, kisiwani Hokkaido, mji uliopata nyuzi 41 chini ya sifuri Januari 1902, rekodi rasmi ambayo hakuna mji mwingine wa Japani umeivunja. Mtu wa Tanga anafuata nini huko? Hata mama yangu aliuliza.

Asubuhi moja natoka kwenda chuo, koti jeusi mpaka magotini, kofia yake imenifunika paji, shali imeziba mdomo. Nje namkuta babu jirani anasukuma theluji kwa lile beleshi lao pana kama karai, la kushika kwa mikono miwili, wanaloliita mamasan danpu. Aliponiona akasimama, akaegemea mpini, akashusha pumzi.

"Aa, kowai, kowai."

Jamani! Neno hilo Tokyo ni la masomo ya mwanzo kabisa: naogopa.

Nikampa haki yake. Jitu limefunikwa gubigubi, limeziba njia, alfajiri yote hii, nani asiogope? Nikavua kofia haraka aone kuwa ni binadamu. Akanitazama, akafuta jasho. "Iyaa, kowai naa."

Sura ndiyo imeharibu zaidi. Nikatabasamu, meno yote nje. Babu akakaa kitako kwenye theluji.

Hapo nikaona mzee wa watu atanifia. Nikatoa Kijapani cha heshima, kile cha kuombea mkopo: "Samahani sana, mzee. Mimi ni mwanafunzi. Tafadhali usiogope." Nikainua na mikono juu, kama dereva wa bodaboda asiye na leseni. Babu akanikodolea macho, akajikongoja kusimama, akashika beleshi, akaninyooshea.

Sikusubiri kipigo. Nilirudi nyuma hatua moja. Ya pili barafu ikanipokea, nikaenda chali juu ya kichuguu cha theluji alichokuwa akikijenga tangu gizani. Chote kikaporomoka barabarani, na mimi ndani yake.

Bibi akatoka kuona kishindo cha nini. Alipoelezwa, alicheka mpaka akashikilia mlango. Mume wake, akasema, amechoka tu. Wazee wa huku wakichoka ndivyo wasemavyo. Na beleshi alikuwa ananipa nimsaidie, kijana mwenye mabega kama yale!

Basi nikasukuma, huku bibi amesimama mlangoni ananipa historia. Kisiwa kilipewa jina la Hokkaido mwaka 1869, serikali ya mfalme Meiji ikawa inahimiza watu wahamie. Wengi walitoka Tohoku, kaskazini mwa kisiwa kikuu, wakiwemo babu zake yeye, wakaja na maneno yao mizigoni, na hilo la kuchoka likiwemo. Waliowakuta ni Waainu, wenye lugha yao kabisa, wala si lahaja ya Kijapani. Sapporo na Otaru ni majina yaliyotokana nayo. (Mwaka 2009 UNESCO iliorodhesha lugha 8 za Japani zilizo hatarini, na Kiainu ndicho kilichokuwa taabani kuliko zote. Mwalimu wangu wa Tokyo hakugusia hata moja. Tulikuwa tunafundishwa kuinama.)

Nilipomaliza, bibi akaniletea chai, halafu akanipa mfuko mweusi uliofungwa fundo.

"Kore, nagete."

Sasa, Tokyo hilo "nagete" ni kurusha, kama unavyorusha mpira. Taka zina kitenzi chake kingine. Hokkaido limebeba yote mawili, sawasawa na "tupa" yetu. Yaani ningemsikiliza kwa masikio ya Kiswahili tu, ningeuchukua mfuko polepole mpaka pale pembeni wanapofunika taka kwa wavu. Lakini Kijapani changu kilikuwa na cheti. Nikatazama nimrushie nani. Babu alikuwa ng'ambo ya ukuta wa theluji, mikono mitupu, ananitazama kwa upendo.

Nikamrushia.

Mfuko ulimpasukia kifuani: majani ya chai, maganda ya mayai, na kichwa cha samaki kilichonasa kwenye skafu yake. Kunguru wa Asahikawa hawahitaji kualikwa. Babu akakimbilia ndani kwa kasi ambayo mtu aliyechoka hana.

Bibi siku hizi taka anapeleka mwenyewe.