Akhwari Hakuishia Mexico

Juzi kwenye grupu la mtaa mtu katupia klipu ya mhamasishaji mmoja, suti imenyooka, kipaza sauti kimebandikwa shavuni, anawaambia wafanyabiashara waliounguliwa na vibanda kwamba moto ule ni fursa. "Badilisheni mtazamo!" Ukumbi makofi. Nilitamani kumuuliza: kaka, umewahi kuchambua majivu ukitafuta sarafu?

Kisha, kama kawaida yao, akaleta habari za Mzee John Stephen Akhwari, mkimbiaji wa Tanzania. Bila mzee wetu huyu wa Mbulu sijui watu hawa wangekula nini. Marathoni ya Olimpiki, Mexico City, 1968: kaanguka, goti limeumia, bandeji inaning'inia, anachechemea peke yake kuingia uwanjani gizani, wakati Mamo Wolde wa Ethiopia ameshamaliza na dhahabu yake zaidi ya saa moja iliyopita. Machozi. Asanteni, vitabu vinauzwa mlangoni.

Mbona wanaishia hapo? Mwaka 1970 mtu huyohuyo alikwenda Edinburgh, Michezo ya Jumuiya ya Madola, akawa wa tano kwenye marathoni kwa saa 2 na dakika 15. Mexico alikuwa ametumia saa 3 na dakika 25. Piga hesabu mwenyewe. Sijamsikia mhamasishaji hata mmoja akiitaja Edinburgh, kwa sababu Edinburgh haina bandeji wala machozi. Wa tano hapewi hata medali! Lakini kwangu mimi hiyo ndiyo habari yenyewe. Mexico City iko zaidi ya mita 2,200 juu ya usawa wa bahari, hewa ni nyepesi, na misuli ilikuwa imeshaanza kumkaza kabla hajaanguka. Jambo kama hilo hulitatui kwa kutabasamu mbele ya kioo. Unatibu goti, unarudi barabarani, unakimbia tena bila mtu wa kukupigia makofi.

Haya, nakubali kidogo: mtazamo una kazi yake. Aliyekata tamaa kabisa hata kitandani hatoki. Na kulaumu serikali kwa kila kitu nako kunachosha, ingawa wakati mwingine inastahili.

Ila kubadilisha mtazamo ninakokujua mimi nilikuona kwa jirani yangu, muuza vitenge, naye aliunguliwa. Wiki nzima hakutaka kumwona mtu. Halafu akaomba kalamu kwa mwanangu, akakaa barazani kuandika kwa kumbukumbu nani anadaiwa nini, maana daftari la wadeni liliteketea humohumo pamoja na mzigo na mauzo ya siku. Akajikuna kichwa: "Yaani nilikuwa nimeweka kila kitu kwenye boksi moja!" Siku hizi daftari analala nalo nyumbani, kila ukurasa anaupiga picha kwa simu, na mzigo anachukua nusu nusu. Vitenge vingi anauza kwa oda, mteja anatanguliza hela kidogo, kwa hiyo kibanda hakijai tena kama zamani.

Hakupata ufunuo wowote. Alikuwa na kalamu ya mtoto na hasira. Wadeni wengine wamebadilisha namba na hela zake zimekwenda nao, na rejesho la vikoba bado linamsubiri kila Jumamosi, moto au pasipo moto.