Ndoa ya Chanika

Tulipokuwa tumepanga Ilala, chumba na sebule, mimi na Mama Rehema tulikuwa tunagombana kistaarabu. Saa mbili usiku tumeshakula, ugomvi unaanza, saa nne umekwisha, majirani nao wamefaidi, watu tunalala. Balaa alileta dalali. "Bosi, Chanika siyo mbali. Kutoka barabarani dakika tano tu." Hakusema dakika tano za nani. Ni za bodaboda, wakati wa kiangazi, na dereva awe amechoka kuishi.

Tukajenga, tukahamia hivyo hivyo, dirisha moja lina vioo, mengine yana viroba vya saruji. Watu wanakwambia hongera, bora kwako. Kwangu! Nyumba yenyewe naijua kwa tochi ya simu. Rangi ya ukuta wa mbele nimehadithiwa.

Mama Rehema anaamka saa kumi alfajiri kuwahi biashara yake Kariakoo. Naamka kashaondoka, narudi kashalala. Siku hizi tunaongea kwa sufuria. Nikikuta ubwabwa umefunikwa, tuna amani. Nikikuta sufuria imelowekwa maji, najua kuna jambo nimefanya, na nina usiku mzima wa kulitafuta peke yangu.

Daraja la Mfugale lilipofunguliwa pale Tazara, 2018, nilimwahidi kwamba sasa nitakuwa nawahi kurudi. Foleni nayo ikapanda daraja.

Jioni mjini ukitaka kukaa, lazima ugeuze nalo: unapanda daladala likiwa bado linakwenda mwisho wa kituo, unalipa nauli mara mbili, mradi makalio yapate pa kupumzika. Ukifika Gongo la Mboto unashuka, vita inaanza upya. Juzi pale mlangoni hapapitiki, nikaona mkono umerusha kanga dirishani kushika siti. Mimi nikapenya, nikaisogeza pembeni, nikakaa. Hapo ndipo nikaitazama. Kanga niliinunua mwenyewe, Idi.

"Baba Rehema!"

Kumbe siku hiyo kachelewa kufunga. Basi ugomvi wa miezi yote ukamwagwa pale: ada, vioo vya madirisha, dalali, mpaka mama yangu mzazi. Abiria kimya, hata redio ikapunguzwa. Nilipotaka kujitetea, konda akanigonga bega.

"Mzee, hapo mama ana haki. Mpishe. Halafu nauli yako sijaiona."